Dawa ya Pumu Haikuwa Yangu

Mpenzi Baba Kulwa,

Pokea salamu zangu kutoka huku Ngara, kwenye baridi na ukungu. Hapa hospitali tunakula ndizi na maharage kila siku, na mimi naitamani michembe, vile viazi vitamu vilivyokaushwa vya nyumbani Nyantakara, mpaka naiota.

Jirani yangu wodini ni bibi wa Ntobeye mwenye pumu. Jana kifua kilimbana, akavuta dawa yake ya kupuliza, na muda si mrefu akawa anaongea vizuri. Nikalia. Unakumbuka nilivyovuta dawa kama ile miaka yote bila nafuu, watu wakisema siitumii inavyotakiwa?

"Unalia nini, mwanangu?" akaniuliza.

"Bibi, kumbe mimi sina pumu. Ni fangasi kwenye mapafu. Nimepewa vidonge vya kumeza na chakula, tena kwa miezi mingi."

"Basi usiionee wivu yangu," akasema. "Inanifungua kifua upesi, lakini nitaivuta mpaka nife. Yako inakwenda polepole, ila inapigana na huyo mdudu mwenyewe. Kula, umeze, urudi kwa wanao."

Leo asubuhi nimetembea mpaka getini bila kusimama kuhema, na sijakohoa damu kama nilivyokuwa nikikohoa huko nyumbani. Daktari amesema nikiendelea hivi, vidonge vilivyobaki nitavimezea nyumbani.

Wakumbatie Kulwa na Doto, uwaambie mama yao anakuja. Na ule upande wangu wa kitanda, Baba Kulwa, uuache wazi.

Wako,
Mama Kulwa