Ng'ombe wa Mama Mabula

Abedi, pokea simu basi. Nimefanya ujinga.

Nilikuwa Sibwesa kwa Mama Mabula, ng'ombe wake hali majani, mate yanamwagika. Nikasema kuna kitu kimemkwama kooni.

Mama akaniambia, "Daktari, hajakwamwa na kitu. Huyu ndiye mpole wa zizi zima, lakini tangu juzi anapiga wenzake pembe, analia tu, na sauti si yake."

Nikacheka! Nikamjibu, "Mama, sijaja kutibu tabia."

Nikazamisha mkono mdomoni mpaka kwenye kiwiko. Bila glovu, Abedi. Sikukuta kitu.

Nanawa, ndiyo mama anakumbuka kwamba mwezi uliopita yule ng'ombe aling'atwa na mbwa asiyejulikana.

Kichaa cha mbwa! Mama alikuwa ananieleza ugonjwa wote, mimi namwambia sijaja kutibu tabia.

Nikawasha pikipiki mbio kufuata chanjo yangu Mpanda. Nimefika Kasekese ndiyo akili inanirudia. Nilipozamisha mkono, ulimi wa yule ng'ombe alikuwa ameushika mama, mikono mitupu, ina michubuko ya jembe. Alikuwa hataki. Mimi ndiye niliyemwambia asiogope.

Nageuza, namfuata.