Methali Uliyoniandikia, Dada

Gisenyi, mtaa wa Waswahili
Jumamosi, 14 Novemba 1959

Kwa dada yangu mpenzi Nyirasafari, Bukavu,

Assalaam aleikum. Naomba Mungu barua hii ikukute mzima, wewe na shemeji na watoto, na kile kifua kilichokusumbua tangu mvua zianze kiwe kimetulia. Sisi huku miili ni mizima, alhamdulillahi. Wifi yako Mukandutiye anakusalimu sana, na anasema vitenge ulivyomletea vilifika salama ila hajapata moyo wa kuvivaa. Ya afya ni hayo. Yaliyobaki, nakuomba ukae chini kwanza ndipo uyasome.

Barua yako niliipata Jumanne. Ulisikia kwamba huku Wahutu na Watutsi wamegeukiana na nyumba zinachomwa, ukaniasa nifunge mlango, nisimwingize mtu asiye wa damu yetu. Ukanikumbusha na ule usemi wa marehemu baba: mla nawe hafi nawe ila mzaliwa nawe. Dada, nilisoma maneno hayo nikiwa nimesimama mbele ya pazia la chumba changu cha kushonea, na nyuma ya pazia walikuwemo watu wanne wasio wa damu yetu, wamejibana kati ya cherehani na majora ya vitambaa, hata kukohoa wanaogopa.

Unamkumbuka Twagirimana wa Nyakiriba, yule Mtutsi aliyekuwa akituuzia maziwa, na kila Idi alikuja kula pilau kwetu na mkewe Mukamurenzi. Nyumba yao iliteketezwa mchana kweupe, ng'ombe wakakatwakatwa. Walifika kwangu kwa njia ya migombani, yeye, mkewe na mabinti zao wawili, wananuka moshi. Sikuwa na la kuwauliza. Niliwafungulia.

Nisikufiche, niliogopa. Pale barazani kwa wazee wetu kila mmoja alikuwa na msemo wake. Huyu anasema wapiganapo tembo nyasi ndizo huumia, basi sisi Waislamu tukae kando. Yule anasema mwenye macho haambiwi tazama. Maneno ya wahenga yalikuwa mengi mtaani kuliko unga, na kila mtu alichukua lile lililomruhusu kubaki ndani. Nami nilikuwa na lako mfukoni. Nilimsomea wifi yako. Akaniuliza kama nataka kuwatoa. Nikaikunja barua yako. Akasema basi nirudi kwenye cherehani, maana mtaa usiposikia cherehani utajiuliza.

Alhamisi, baada ya swala ya alasiri, wakaja. Walijaa barabarani hadi kwenye duka la chumvi, wana mapanga na mikuki, na aliyetangulia alikuwa Hategekimana, yule mfanyabiashara wa viazi wa Mahoko ambaye nilimshonea suti ya harusi. Wifi yako alikuwa uani anatwanga majani ya sombe. Alitoka na mchi mkononi akasimama mlangoni. Mimi nilikuwa nyuma yake.

Hategekimana alimsalimu kwa adabu, kisha akamwambia kwa kile Kiswahili chetu cha huku, "Mama, we utoke ku mulango. Watu ya Nyakiriba iko hapa. Tunajua."

Mukandutiye hakukana wala hakukubali. Alimjibu kwa Kinyarwanda ule usemi ambao wewe na mimi tuliusikia hata kabla ya kuota meno: akebo kajya iwa Mugarura, kikapu huenda kwa yule anayekirudisha. Baadhi ya waliokuwa nyuma wakacheka kidogo, kama watu waliosikia sauti ya bibi yao.

Lakini Hategekimana hakucheka. Uso ulimwiva. "Kikapu!" akasema. "Baba yangu alibeba vikapu kwa wakubwa yao mpaka mugongo ikapinda. Alilima bure, alijenga bure. Ilirudi ngapi? We uniambie, mama, ilirudi ngapi?"

Dada, pale ndipo niliposema moyoni tumekwisha. Kwa sababu alichosema kilikuwa kweli, na kila mtu pale alikijua. Usemi uleule ambao wifi yako aliuinua kama ngao, yule bwana aliushika kwa upande wa pili ukawa panga. Watu wakaanza kusogea. Mmoja alikuwa ameshaweka mguu kizingitini.

Mukandutiye akauweka mchi chini. Akamwambia pole kwa ajili ya baba yake, akamwambia kweli, vile vikapu havikurudi. Kisha akamuuliza, kwa sauti ya chini hata walio nyuma wakatulia wasikie, "Na Mukamurenzi? Muke yako alipokauka maziwa, ile mutoto yako ya kwanza ilinyonya kwa nani?"

Nilimwona Hategekimana akitazama panga lake, halafu akatazama pazia la chumba changu, ambalo lilionekana kutoka pale aliposimama, na nina hakika lilitikisika. Mwishowe akawageukia wenzake akasema hapa hakuna mtu, waende. Lakini kabla hajaondoka alimwinamia wifi yako akanong'ona kwamba kesho jioni watakuja wengine, wa mbali, wasiomjua Mukamurenzi.

Basi ile jioni nilishona. Kanzu yangu niliirefusha kwa kipande cha shuka ili imfae Twagirimana, maana unajua urefu wake. Mkewe na mabinti tuliwafunga mitandio. Ijumaa asubuhi wifi yako akabaki nyumbani, nami nikatoka nao kama jamaa wanaokwenda kuswali Goma, tukafuata njia ya ziwani hadi kizuizi cha mpakani, Grande Barrière. Twagirimana hakuzoea kutembea bila fimbo yake ya kuchungia. Mkono wake wa kulia ulikuwa ukitafutatafuta hewani. Nikampa tasbihi yangu aishike.

Pale kizuizini kulikuwa na foleni ya wauza samaki, na kando wamesimama vijana wakikagua nyuso za wanaovuka. Askari alinijua, akaniuliza suruali yake itakuwa tayari lini. Nikamwambia Jumatatu, inshallah. Akatufungulia. Tulipokuwa tunapita, sauti nyuma yetu ikaita, waziwazi, "Twagirimana!"

Mukamurenzi alisita. Twagirimana hakugeuka. Alisogeza punje moja ya tasbihi, akasogeza nyingine, akaendelea kutembea. Sijui hadi sasa ni nani aliyeita, wala kwa nini hakuita tena. Wamepokelewa kwa Ndayisaba, fundi wa viatu wa Goma, wako salama. Wale wa mbali walikuja kweli jioni ile, wakakuta majora tu, wakaenda zao.

Sasa nifike pale ambapo nimekuwa nikipazunguka tangu mstari wa kwanza.

Nilipotoka Goma nilimkuta Hategekimana kwangu, peke yake, hana panga. Mukandutiye alikuwa amemwonyesha chumba kitupu, naye akakaa juu ya jora la kitambaa kama mtu aliyeshushiwa mzigo. Ndipo akasema tusiwalaumu wao tu, maana wasingejua wakimbizi wako kwetu kama wasingeambiwa. Walimkamata mtu pale Mahoko akiwa na lori. Wakamwagia petroli magurudumu, wakamzuia asitoke ndani, wakawasha kiberiti. Akalia, akataja nyumba yangu, alikowaona.

Ni Muhamadi, dada. Kitinda mimba wetu. Mzaliwa nami.

Usemi ulioniandikia siuoni uongo hata sasa. Nimeugeuza na kuugeuza, naona baba aliusema kwa huzuni, nasi tuliuchukua kama amri. Lakini sikukuandikia ili tubishane. Muhamadi aliuona umati ukielekea kwangu akaliacha lori barabarani. Dereva mwenzake, Habiyaremye, alimwona Goma Ijumaa hiyohiyo akipanda meli ya Bukavu bila koti wala mzigo. Hana pa kwenda huko isipokuwa mlangoni kwako. Pengine ameshafika. Pengine anakaa pembeni, hali chakula, nawe hujui kwa nini.

Yeye anaamini wamekufa, dada. Anaamini na sisi tumekufa pamoja nao. Aliondoka kabla ya kujua, na unamjua moyo wake, na ziwa liko karibu na nyumba yako.

Kwa hiyo ukishasoma hapa, acha barua, mtafute. Usimwambie nimemsamehe, maana bado. Nikiliona jina lake nahisi moto kifuani, na sitaki aletewe neno ambalo mimi sijalisema. Mwambie tu kwamba wako hai, wote wanne, na mimi kaka yake na shemeji yake Mukandutiye tuko hai. Mwambie mara nyingi hadi asikie.

Wasalimie watoto, na shemeji umpe mkono wangu. Habiyaremye anasubiri mlangoni aichukue barua hii, kwa hiyo naishia hapa.

Ni mimi ndugu yako,
Dauda, fundi wa nguo