Bunduki za Mbao za Mfilipino

Alhamisi, 6 Aprili 1972
Watu wa sinema bado wako ufukweni mwa ziwa, hapa Rumonge, Burundi. Wanajenga kijiji cha uongo, wakichome! Mkuu wa mapambo ni Mfilipino, Rosendo. Zamani alikuwa mwigizaji: kila filamu anapigwa risasi mapema, hata jina haliandikwi. Uso ulipozeeka wakampa msumeno na brashi. Eti huyo ni msanii! Nimemwambia bunduki zake za mbao hazitishi hata kuku. Kachovya brashi, kaendelea kupaka.

Jumatano, 12 Aprili
Kazipaka upya, kwa masizi na mawese. Nimeshika moja — mkono ulitarajia uzito wa chuma. Mshenzi ana kipaji.
Shemeji yangu Swedi kapewa nafasi ya kufa. Rosendo anamfundisha: magoti kwanza, uso mwisho. Mke wangu Mwavita hana mbavu: eti kaka yake hata kufa iko anafundishwa!

Jumatatu, 24 Aprili
Wameondoka. Bunduki kaachiwa Swedi, zawadi. Ataanzisha kikundi cha maigizo! Nikamwambia azipikie maharage. "Shemeji, wivu huo."

Jumapili, 30 Aprili
Jana waasi wameingia na mapanga. Jirani yetu Domitille hayupo tena. Jeshi litakuja, na jeshi halitauliza nani ni nani. Bunduki ziko darini kwa Swedi. Mwavita analia: zitupwe mu ziwa, leo hii!

Alhamisi, 4 Mei
Swedi katupa. Mbao! Zimeelea. Asubuhi zimepangana mchangani, mbele ya askari. Watu wakamtaja Swedi.
Afisa alikwaruza moja kwa kisu, akaona mti, akacheka. Nikapumua. Nikaeleza kwa Kifaransa changu bora: sinema, Mfilipino.
"Basi mulikuwa munafanya mazoezi."
Mimi, niliyewashinda mapadri na mashehe kwa hoja! Nikarudia tu: sinema, sinema.
"Tuone hiyo sinema."
Swedi akaanguka. Magoti kwanza, uso mwisho. Askari walipiga makofi. Tena! Akaanguka tena, vizuri zaidi, maskini — anadhani akiigiza vizuri watamwachia.
Kisha afisa akanigeukia. Sinema gani haina mpiga risasi? Mzee, nenda nyumbani, vaa shati safi, urudi. Bunduki utaikuta.
Askari anasubiri mlangoni. Mwavita anapiga pasi shati jeupe, anatabasamu. Murakoze, asante Mungu, anasema, kumbe iko muchezo tu.
Bunduki niliyoonyeshwa si ya mbao. Sijamwambia. Pasi imefika kwenye kola.