Fremu ya Changamwe Uliyoipanga

Baba yangu mpenzi,

Shikamoo. Najua hutaitikia, lakini kukuandikia bila kukuamkia naona ni utovu wa adabu.

Kuna habari nataka uisikie kwangu. Ile fremu ya Changamwe, lile kabati la nyaya za simu na intaneti uliyoipanga ukiwa fundi mkuu, inaondolewa. Kampuni inaleta kubwa zaidi, na mimi ndiye niliyepewa kazi ya kukata nyaya za zamani na kuunganisha mpya.

Leo nilikwenda kuitazama. Nilifungua mlango wa kabati nikasimama tu. Nyaya za faiba zimeshuka ubavuni zimelala pamoja, kila moja ikipita kona kwa duara pana, kama ulivyokuwa ukituhimiza: "Msizikunje kwa nguvu. Ndani ni kioo, kitavunjika na hamtaona." Vibandiko vyenye mwandiko wako bado vinasomeka.

Nikaikumbuka siku tuliyokuwa tukiimalizia. Nilikuwa mgeni katika timu yako, na wenzetu walinitania kwamba nimekuja kumbebea baba begi. Ulikaa kwenye kistuli mbele ya mashine ya kuungia, mkononi una uzi mwembamba kama unywele, ukaniuliza, "Mwanangu, huu ni mwekundu au wa kahawia?"

Nilidhani wanijaribu. "Wa kahawia, Baba." Ukauliza wa pili, kisha mwingine. Nilipokutazama usoni nikaona jasho, ilhali chumba kile kina baridi ya kutetemesha.

"Si kwamba nakujaribu," ukasema polepole. "Rangi zanipotea. Tangu Ramadhani."

Nilikunong'oneza kwamba nitakusomea rangi na hakuna atakayejua. Ulikataa. "Uzi mmoja ukiungwa pasipo pake, hospitali itakosa laini na duka litapata isiyo yake. Hilo siwezi kulificha." Ukamwita msimamizi mbele ya wote, ukamwambia macho yako hayafai tena kwa kuunga, kisha ukainuka ukaniachia kistuli.

Msimamizi alinitazama, akakutazama. "Mzee, una hakika?"

"Wallahi, kazi ya mkono wake nimeiona. Mimi nitamshikia taa."

Na ulinishikia, hadi trei ya mwisho ya nyuzi. Taa mkononi mwako haikuyumba. Tulipopima, mwanga ukapita kote. Wenzetu wakakupa mkono wewe kwanza, halafu mimi. Njia nzima ya kurudi Kisauni hukusema neno. Tulipofika ulimwambia Mama, "Leo nimestaafu," ukaenda kuoga.

Kwa miaka nilidhani siku ile ulipokonywa kitu. Sasa nami naongoza timu, na naijua hofu ya kusema "siwezi" mbele ya watu wanaokutegemea. Ndiyo kwanza naelewa ulilolifanya lilikuwa zito kiasi gani, na kwa nini ulinyamaza njia nzima.

Msimamizi wa sasa aliposikia fremu ni yako, alisema anaweza kumpa mwingine kazi hii. Nilimshukuru, nikakataa. Kesho nitazikata nyaya zako mwenyewe, moja baada ya nyingine, bila pupa. Sitaki mtu azing'oe kama magugu.

Mama sijamwambia bado. Nitamwambia kazi ikiisha, tukiwa tumekaa.

Mola akulaze pema, Baba.

Mwanao, fundi