Saa ya Kocha

Dada mpendwa,

Huku tu wazima, na koti ulilonitumia limenikaa vizuri. Binti yako alitaka kuacha chuo. Mbio za alfajiri zilimnyima usingizi, akafeli kemia. Sikukwambia, usije nawe ukakosa usingizi.

Nilimwendea kocha matusi yamenijaa mdomoni. Nikamkuta mlangoni mwa chumba cha mazoezi, saa ya kupimia mbio mkononi, na mpwa wangu ndani anakoroma juu ya mkeka.

"Mjomba, shusha sauti! Zimebaki dakika kumi na mbili. Ukimwamsha, nakupa kadi nyekundu."

Tangu afeli, kocha humlaza hivyo kila siku kabla ya masomo.

Jana matokeo ya marudio yalitoka: amefaulu! Matusi yangu bado ninayo yote, dada. Nitafutie mtu mwingine.

Nduguyo mkorofi