Ng'ombe Wawili wa Ugoni

Nyasubi, Kahama
11 Februari 1975

Baba mpendwa,

Shikamoo. Mimi mzima, ila usingizi umenihama. Mama na kifua chake anaendeleaje?

Nadhani habari zimekwisha kukufikia. Valerian, karani wa pamba kule Bugarama ninakofundisha, amenishtaki kwamba nimezini na mkewe, Klara. Eti baiskeli yangu ilionekana kwake jioni mara nne. Ni kweli. Nilikuwa namfundisha Klara kusoma na kuandika. Darasani kwa watu wazima aliona haya kwenda, tena alitaka kumshtukiza mumewe. Sasa amerudishwa kwao Maganzo.

Nimesimamishwa kazi. Kamati ya nidhamu inakaa tarehe 10 Machi. Afisa elimu ameniambia wazi: mwalimu hufukuzwa hata kwa mwenendo wake wa nje ya shule, lakini lazima pawe na ushahidi, au akiri mwenyewe. Maneno ya watu hayatoshi, na Valerian hana shahidi. Kwa hiyo nimetulia, nawe utulie. Baba, sijamgusa.

Mwanao,
Telesphori

Ushirombo
2 Machi 1975

Mwanangu Telesphori,

Marahaba. Mama yako anakohoa lakini analima, na ukimkataza anakohoa zaidi.

Barua yako nimeisoma mara mbili. Nimechelewa kujibu kwa sababu nilikuwa njiani. Mambo ya namna hii mwanaume hamwelezi baba yake yote, nami sikuulizi. Nimeswaga ng'ombe wawili siku nne hadi Bugarama, yule mweupe na mtamba wake, nikamkabidhi Valerian mbele ya wazee. Amepokea, tukanywa togwa pamoja. Katibu wa kijiji akaandika, "Ng'ombe wawili wa ugoni, kwa kosa la mwanangu," nami nikatia sahihi. Basi, yamekwisha. Rudi ukafundishe, na hiyo baiskeli uiegeshe kwako.

Baba yako,
Anatoli

Nyasubi
12 Machi 1975

Baba,

Shikamoo.

Nimefukuzwa. Valerian hakuleta shahidi, alileta karatasi yako. Mwenyekiti aliisoma kwa sauti, akaniuliza ni mzazi gani anayelipia kosa lisilotendeka. Nilikuandikia kwamba sijamgusa, hukuniamini. Hilo linaniuma kuliko kazi.

Usinitafute.

Telesphori

Ushirombo
14 Aprili 1975

Mwanangu,

Hujambo? Mama yako anauliza kila siku unakula nini.

Nitasema ukweli. Niliogopa watu wa parokia waseme katekista amezaa mzinzi. Nilitaka yaishe upesi, nisikie aibu kidogo. Nimekuponza.

Nilikwenda Maganzo kwa kina Klara. Nilipomwuliza, aliomba kalamu. Alikaa karibu saa nzima amebana ulimi kwa meno, akaandika: "Mwalimu hakunigusa. Alinifundisha kuandika hivi." Nililia mbele ya mama yake.

Rufaa inapokewa hadi tarehe 30. Afisa elimu amenisaidia kuiandika. Nimeambatisha karatasi ya Klara, na maelezo yangu kwamba nililipa bila wewe kunituma na bila wewe kukiri. Yote yamo humu kwenye bahasha. Inakosa sahihi yako tu. Karani wa ofisi ya elimu alisema baba mzazi anaweza kutia kwa niaba, akanipa na kalamu. Nilikataa. Pale chini nimepaacha wazi.

Baba yako,
Anatoli