Matriksi Mbili za Shamba Moja

Jumatatu, 6 Oktoba

Nasahihisha tangu saa nane. Chai imepoa mara mbili. Jaribio la mwaka wa pili, migeuzo na matriksi zake. Wengi wamefanya vizuri. Nimejipongeza mwenyewe, maana humu ofisini hakuna wa kunipongeza. Mwalimu Projestus, tunayechangia naye chumba, yuko dirishani anapiga miluzi. Anajua inaniudhi.

Nikafika kwa Editha, swali la tatu. Nililitunga mwenyewe, la shambani, ili waache kulalamika kwamba hisabati yangu inaelea hewani. Kopo moja la mbegu ya mahindi linataka makarai matatu ya samadi na siku mbili za kazi. Kopo moja la maharage, karai moja na siku nne. Andika matriksi ya mgeuzo unaotoka kwenye mbegu kwenda kwenye mahitaji. Kisha itumie: mkulima ana makopo matano ya mahindi na mawili ya maharage, atahitaji nini?

Kazi ya dakika tano. Safu ya kwanza ya matriksi ni 3 juu, 2 chini. Ya pili ni 1 juu, 4 chini. Unazidisha kwa 5 na 2. Makarai 17, siku 18.

Editha safu ya kwanza kapata. Ya pili kaandika 4 na 6. Halafu kazidisha kwa 3 na 2, sijui kazitoa wapi. Jibu lake: 17 na 18.

Matriksi mbovu, vekta mbovu, jibu sahihi kabisa. Sikupenda.

Jumanne, 7 Oktoba

Novatus. Vilevile. 4 na 6, halafu 3 na 2, halafu 17 na 18.

Nimekagua karatasi zote zilizobaki. Hakuna mwingine. Wawili tu darasa zima, na wote wawili wametoka Ngenge, kule Muleba. Siku ya jaribio mmoja alikaa mlangoni, mwingine nyuma kabisa. Nilisimamia mwenyewe. Hawakuchunguliana.

Basi majibu waliyapata kabla. Wakayabeba kichwani, wakafika mezani wakabuni njia ya kuyafikia. Mtu anayejua mwisho wa safari hajali njia.

Mwongozo wa kusahihishia ulikuwa kabatini. Kabati lina funguo mbili. Mmoja wangu, mwingine wa Projestus. Projestus ni mtu wa Muleba.

Jumatano, 8 Oktoba

Nimemwita Editha. Nimemwonyesha karatasi yake, nikamuuliza hiyo 4 na 6 imetoka wapi. Kanijibu, "Ndivyo tunavyopanda kwetu, Mwalimu."

Nikamwambia hapa si shambani. Akatazama sakafu.

Ujeuri mtupu. Nimekasirika mpaka sasa. Msichana mwenye alama nzuri kama zile, ananijibu kama ananitania. Au ndiyo hizo alama nzuri zenyewe. Tangu lini amekuwa akizipata hivi?

Nimekagua majaribio yake ya muhula uliopita. Mazuri yote. Zamani yalinifurahisha.

Alhamisi, 9 Oktoba

Nimepeleka suala kwa Mkuu wa Taaluma, Mwalimu Rwegoshora. Mzee mtaratibu, anavua miwani kila anapotaka kukukatalia. Kaivua. Kasema jibu sahihi si kosa, niende na kitu kizito zaidi.

Kamati ya nidhamu itakaa Ijumaa ya wiki ijayo. Sheria haina kona: aliyepata majibu kabla ya jaribio anafukuzwa chuo, na hapokelewi tena. Editha na Novatus wamebakiza muhula mmoja na nusu wawe walimu.

Nitakileta hicho kitu kizito. Sipendi kufanywa mjinga.

Ijumaa, 10 Oktoba

Nimemwita Novatus peke yake, nikafunga mlango. Kijana mrefu, mpole, anakaa ukingoni mwa kiti kama anaogopa kukichafua. Kakana. Kasema kahesabu mwenyewe. Nikamuuliza mara ya pili, kakana.

Nikamwambia Editha ameshasema kila kitu.

Haikuwa kweli. Nilimtega tu, kama polisi wanavyofanya.

Mikono imetulia magotini. Halafu kasema, "Kama Editha kasema hivyo, Mwalimu, basi ndivyo ilivyo."

Nikampa karatasi. Kaandika kwamba majibu alipewa na Editha. Kaweka sahihi.

Nimefurahi. Naandika hivyo kwa sababu ni kweli, nilifurahi. Nimeipeleka kwa Rwegoshora saa hiyo hiyo. Safari hii hakuvua miwani.

Nyumbani nimepika katogo, ndizi na maharage. Nimeiacha nusu.

Jumapili, 12 Oktoba

Baada ya ibada Projestus kanifuata uani. Anauliza kwa nini nimebadilisha kufuli la kabati. Nikasema la zamani lilikuwa linakwama. Kacheka. "Dada yangu, majibu yako mimi ya nini? Hata yangu yananishinda."

Nani kataja majibu? Mimi nilitaja kufuli tu.

Lakini pia chuo kizima kinajua. Huenda kasikia kwa Rwegoshora. Huenda.

Jumanne ni mapumziko, hakuna vipindi. Nakwenda Ngenge. Nataka kujua nani ndugu wa nani. Nikikuta Projestus ni mjomba wa mmoja wao, nimemaliza.

Jumatatu, 13 Oktoba

Editha hakuja kipindini. Novatus kaja, hakuandika chochote.

Jumanne, 14 Oktoba

Basi hadi Muleba mjini, kisha bodaboda, vumbi mpaka kwenye meno. Ukishateremka huko, migomba inapungua, halafu inakwisha. Mimi nimezaliwa Ijuganyondo, katikati ya kibanja, shamba la migomba. Nisipoona mgomba najihisi nimefika nchi ya watu.

Niliuliza nyumbani kwa kina Editha. Mama yake alikuwa shambani, mvua za kwanza zimenyesha, watu wote wako shambani. Mwanamke mfupi, viganja vikavu kwa jembe. Kanisalimu kwa Kihaya, kaniita waitu kwa heshima, kanipigia goti nisilostahili. "Mwalimu waitu, Editha kafanya nini?"

Nikasema napita tu, nina shughuli Muleba. Uongo wa pili ndani ya wiki moja. Unazidi kuwa mwepesi.

Nikaanza kuchimba kwa ujanja. Mama hamjui Projestus. Hajawahi hata kumsikia. Novatus ni wa kitongoji cha pili, si ndugu, wazazi wao husali pamoja basi. Niliuliza hivi, nikauliza vile. Mama wa watu ananijibu yote bila kushuku, huku anafanya kazi. Nikaona haya kusimama, nikamshikia beseni.

Ndani ya beseni mahindi na maharage yamechanganywa. Anachota, anadondosha shimoni yote pamoja, anafukia kwa kisigino. Nikamuuliza kwa nini hatenganishi. Kanitazama kama anayetazama mtoto. Kwetu Ijuganyondo maharage tunayatia chini ya migomba, mahindi ni kitu cha pembeni, hayakutani. Huku hayapandwi mbalimbali. Kopo la mahindi na kopo la maharage, wanamwaga pamoja, hicho ndicho kipimo. Kwanza unatoa ya mchanganyiko. Mahindi yanayobaki yanakwenda peke yake kule bondeni. "Wote huku tunahesabu hivyo, waitu."

Makopo matano ya mahindi, mawili ya maharage. Mawili kwa mawili yanachanganywa. Yanabaki matatu ya mahindi peke yake.

3 na 2.

Nikaliweka beseni chini. Nikaandika kiganjani kwa kalamu. Mahindi peke yake, 3 na 2. Mchanganyiko, makarai matatu na moja ni 4, siku mbili na nne ni 6. Mara tatu ya kwanza, 9 na 6. Mara mbili ya pili, 8 na 12. Jumla 17 na 18.

Mama Editha kauliza kama naumwa. Kanipa maji. Wakati wa kuondoka kanipa na maharage ya kwenda nayo, nikayapokea, ningefanyaje.

Jumatano, 15 Oktoba

Nafundisha jambo hili kila mwaka. Nasimama mbele ya ubao, nasema: mgeuzo ni ule ule, lakini matriksi yake inategemea vekta za msingi ulizochagua. Badilisha vekta za msingi, namba zote zinabadilika, na mgeuzo haujasogea hata kidogo. Nalisema bila kufikiri, kama sala ya chakula.

Halafu natunga swali lisilotaja vekta za msingi. Andika matriksi, basi. Ipi? Kichwani mwangu ilikuwa moja tu, kwa kuwa kichwani mwangu mahindi yako huku na maharage kule. Wanachuo wa vibanjani nao wakaona hivyo hivyo. Wawili wa Ngenge wakachukua vekta zao: mahindi peke yake, na mahindi pamoja na maharage. Halali kabisa. Hawakueleza, kweli, na alama moja ningewakata kwa hilo. Moja.

Na Editha alinieleza. Siku ile. Ndivyo tunavyopanda kwetu.

Nimekwenda kwa Rwegoshora asubuhi. Kasema kamati imeshaitwa na kijana amekiri kwa mkono wake, hawezi kuifuta yeye. Niyaseme huko huko. Nimeogopa sana. Naogopa hata sasa.

Ijumaa, 17 Oktoba

Kamati imekaa saa nne asubuhi. Wajumbe watano, wawili tu wa hisabati. Editha na Novatus viti viwili tofauti, hawatazamani.

Niliomba ubao. Nikaandika matriksi yangu, pembeni yake ya kwao. Nikawaomba wajumbe wachague mkulima yeyote, mwenye makopo wanayotaka wao. Mjumbe wa somo la historia kasema makopo manne ya mahindi na moja la maharage. Kwangu, 13 na 12. Kwao, matatu peke yake na moja la mchanganyiko: 13 na 12. Kataja mengine. Yakakubali. Mwenye uso mgumu kuliko wote kauliza, mtu mwenye maharage mengi kuliko mahindi je? Nikaeleza mahindi yanakuwa na deni, unaandika namba hasi, hesabu inakwenda vilevile. Kacheka kidogo. Nikajua tumepona.

Nikasema kosa ni la swali langu. Imeandikwa hivyo. Hawana hatia wote wawili.

Kisha Rwegoshora akauliza, sasa kijana alikiri nini? Novatus alinitazama mimi. Si kwa chuki. Alikuwa anangoja niseme.

Nikasema alikuwa na hofu. Wakakubali, vijana wana hofu. Hakuna aliyeuliza nani alimtia.

Jumamosi, 18 Oktoba

Nimewarudishia alama. Nimemwomba radhi Projestus, kwa maneno machache. Hakujua hata nilikuwa nikimshuku, kwa hiyo nimemfunulia jambo ambalo lingekaa kimya. Kakaa kitini. Halafu kaniambia Editha na Novatus hawasemezani. Walikuwa wakisoma pamoja kila jioni tangu mwaka wa kwanza, sasa msichana akimwona anageuza njia. Kamati ilisoma ile karatasi mbele yake. Kasikia kwa masikio yake Novatus kasema alipewa majibu na yeye.

Novatus hajajitetea. Angejiteteaje? Angelazimika kusema mwalimu kadanganya.

Najichukia leo. Nimelala mchana, kitu ambacho sifanyi.

Jumatatu, 20 Oktoba

Nimemtafuta Editha baada ya vipindi. Alikuwa nyuma ya bweni, anafua. Alitaka kusimama, nikamzuia, nikakaa kwenye tofali.

Nimemwambia yote. Kwamba Novatus alikana mara mbili. Kwamba nilimdanganya kuwa yeye Editha ameshakiri, na ndipo kijana akasema kama yeye kasema basi ndivyo ilivyo. Kwamba aliandika kwa ajili ya kutompinga yeye. Kwamba nimetoka kwa Rwegoshora sasa hivi, naye nimemweleza, na lolote atakaloamua juu yangu ni sawa.

Aliendelea kusuuza. Shati jeupe, kalikamua, kalikung'uta, kalianika. Kachukua lingine.

"Asante kwa kuniambia, Mwalimu."

Nikadhani imekwisha. Nikaanza kuinuka.

"Lakini aliamini kwamba nimekiri," kasema.

Nikamsaidia kuanika yaliyobaki, naye akaniachia.